Benki Inapotaka Kuuza Fleti Yako: Haki za Mmiliki na Wakati wa Kuzitumia

*Mada iliyowasilishwa katika kikao cha elimu kwa wamiliki wa sehemu za majengo, Dar es Salaam*



Nimepewa jukumu la kuzungumza nanyi kuhusu jambo ambalo watu wengi hupenda kulizungumza likishatokea kwa jirani, wala si kabla halijawafika wao wenyewe: benki inapoamua kuuza fleti iliyowekwa rehani kwa sababu mkopo haukulipwa. Ninawashukuru kwa kuja kulisikiliza mapema.

Naomba niseme mwanzoni kile ambacho ningependa kila mmoja aondoke nacho. Sheria ya Tanzania inampa mweka rehani haki nyingi kuliko anavyodhani, lakini haki hizo hazidumu milele. Kila moja ina kipindi chake. Ipo inayokuwa na nguvu kabla ya siku 60 kwisha, ipo inayokoma nyundo ya dalali inapogonga, na ipo inayobaki baada ya mnada ikiwa imepungua kutoka kuwa haki ya kuokoa nyumba na kuwa haki ya kudai fidia. Mwenye nyumba anayejua haki zake lakini hajui wakati wake yu karibu sawa na asiyezijua.

Vifungu nitakavyovitaja ni vya Sheria ya Ardhi, Sura ya 113, kwa namba za toleo la mwaka 2019.

Kwanza, ni kitu gani hasa kimewekwa rehani?

Mwenye nyumba ya kawaida ana kiwanja na hati yake. Mwenye fleti yuko katika hali tofauti. Tangu ilipotungwa Sheria ya Umiliki wa Sehemu za Majengo ya mwaka 2008, mtu anaweza kumiliki sehemu ya jengo kwa hati yake mwenyewe, ile ambayo wengi huiita hati pacha, pamoja na fungu lake katika maeneo ya pamoja kama ngazi, lifti, paa, uwanja wa magari na kisima. Anaweza kuiuza sehemu hiyo, kuirithisha au kuiweka rehani bila kumgusa jirani yake wa ghorofa ya juu wala wa chini.

Hivyo fleti yenye hati pacha ikiwekwa rehani, benki ina haki juu ya fleti hiyo pamoja na fungu lake katika maeneo ya pamoja, na si zaidi ya hapo. Deni la jirani haliwezi kuuza nyumba yako. Lakini kauli hiyo ni ya kweli kwa mwenye hati pacha tu. Wapo wengi wanaoishi katika fleti walizolipia kikamilifu, huku walicho nacho mkononi ni mkataba wa mauziano na stakabadhi, na jengo zima bado liko katika hati moja ya mwendelezaji milki. Hao nitawarudia mwishoni, kwa kuwa hatari yao ni ya namna nyingine.

Kuna pia waliotoa fleti zao kuwa dhamana ya mkopo wa mtu mwingine: ndugu, rafiki au kampuni ya mtoto. Sheria inaruhusu rehani ya namna hiyo. Aliyetoa dhamana hakugusa hata shilingi moja, lakini nyumba inayouzwa ni yake. Ikiwa wewe ni mmoja wao, haki zote nitakazozieleza ni zako pia, maana wewe ndiye mweka rehani. Usikubali kuambiwa kwamba taarifa zote alishapewa mkopaji.

Siku 60 ambazo hazipaswi kupotea

Wengi huamini kwamba benki haiwezi kuuza nyumba bila kwenda mahakamani kwanza. Imani hiyo si sahihi, na imewagharimu watu nyumba zao. Mkataba wa rehani unapokuwa halali na mkopaji ameshindwa kulipa, sheria inairuhusu benki kuuza bila amri ya mahakama. Inaweza pia kuteua msimamizi wa kukusanya mapato ya nyumba, kuipangisha au kuichukua na kuishikilia. Mahakama huingia pale mmoja wa wahusika anapoiendea.

Lakini benki haiwezi kufanya lolote kati ya hayo kabla ya kutimiza sharti moja. Kifungu cha 127 kinaitaka impe mweka rehani notisi ya maandishi. Notisi hiyo lazima ieleze kosa ni lipi na ni la kiasi gani, mkopaji afanye nini ili kulirekebisha, na kwamba zikipita siku 60 tangu mweka rehani aipokee, deni lote litatakiwa kulipwa na benki itaweza kuuza.

Angalieni maneno mawili. La kwanza ni *kupokea*. Siku 60 hazihesabiwi tangu tarehe iliyochapwa juu ya barua, bali tangu ulipoipokea. Kwa hiyo andika tarehe ya kupokea juu ya notisi yenyewe, hifadhi bahasha, na ukitakiwa kusaini katika kitabu cha tarishi, andika tarehe ya siku hiyo kwa mkono wako.

Kwa wakazi wa fleti jambo hili lina uzito wa pekee. Barua nyingi huishia kwa mlinzi getini. Hukaa juu ya meza, hupewa mtoto anayetoka shule, au hukabidhiwa mpangaji ambaye hana habari na mkopo wowote. Mwenye nyumba anaweza kuwa Mwanza au Muscat, na hapo yatazuka mabishano kama notisi ilimfikia au la. Ninawasihi viongozi wa vyama vya wamiliki waanzishe daftari la barua getini, lenye tarehe, namba ya fleti, jina la aliyeleta na sahihi ya aliyepokea. Daftari hilo la bei ndogo linaweza siku moja kuwa ushahidi unaoamua shauri. Nawe mmiliki unayeishi mbali, ipe benki kwa maandishi anwani yako ya sasa, kwa maana benki ikituma barua kwa anwani uliyoiandika mwenyewe katika mkataba, utakuwa na kazi ngumu kueleza kwa nini haikukufikia.

Neno la pili ni *kiasi*. Notisi isiyosema kosa ni la kiasi gani haikupi nafasi ya kulirekebisha, na kasoro hiyo ni hoja ya kisheria. Omba mara moja taarifa kamili ya akaunti ya mkopo: kiasi kilichokopwa, marejesho yote uliyolipa, riba, adhabu za ucheleweshaji na ada nyinginezo. Linganisha mstari kwa mstari na stakabadhi zako. Ukiona malipo ambayo hayakuingizwa, yaandikie barua ukiambatisha nakala ya stakabadhi, na utunze nakala yenye muhuri wa benki wa kupokelewa.

Wahenga walisema dawa ya deni ni kulipa, na hakuna mbinu ya kisheria inayoizidi dawa hiyo. Katika siku hizi 60 mlango wa mazungumzo ungali wazi kuliko wakati mwingine wowote. Unaweza kulipa malimbikizo na mkopo ukaendelea. Unaweza kuomba mkopo upangwe upya kwa muda mrefu zaidi ili rejesho la mwezi lipungue. Na ikiwa ni dhahiri kwamba mkopo umekushinda, unaweza kuiomba benki ridhaa ya kuuza fleti mwenyewe. Wengi huliona hilo kuwa aibu. Lakini mwenye nyumba anayemtafuta mnunuzi kwa utulivu, mlango ukiwa wazi na maji yakitoka bombani, kwa kawaida hupata bei nzuri kuliko dalali mwenye tangazo na tarehe ya mwisho. Makubaliano yoyote mtakayofikia yawe ya maandishi. Ahadi ya ofisa wa mikopo iliyotolewa kwa simu haitakusaidia ofisa huyo akihamishiwa tawi jingine.

Unaweza pia kulalamika. Anza na benki yenyewe kwa maandishi. Usiporidhika na jibu, Benki Kuu ya Tanzania ina dawati la kupokea malalamiko ya watumiaji wa huduma za fedha, nalo hushughulikia mambo kama makato yasiyoeleweka, riba iliyobadilishwa bila taarifa na kunyimwa taarifa za akaunti. Lakini nawaomba mlishike hili: malalamiko hayasimamishi hesabu ya siku 60. Mtu anaweza kuwa anasubiri jibu la barua yake huku tangazo la mnada likibandikwa ukutani. Lalamika, na wakati huohuo endelea kuchukua hatua nyingine.

Ridhaa ya mwenzi wa ndoa

Fleti nyingi ni makazi ya familia, na hapa sheria imeweka ulinzi wa pekee. Kwa kifungu cha 114, rehani ya nyumba ya ndoa ni halali pale tu inapokuwa imesainiwa na mweka rehani pamoja na mwenzi au wenzi wanaoishi katika nyumba hiyo, au panapokuwa na ushahidi katika nyaraka kwamba waliridhia. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 nayo inamkataza mwanandoa kuhamisha au kuweka rehani nyumba ya ndoa bila ridhaa ya mwenzake.

Mke au mume ambaye hakuridhia ana hoja nzito, na anaweza kuipeleka mahakamani kwa jina lake mwenyewe. Hata hivyo si vyema niwape matumaini yasiyo na kipimo. Sheria inamtaka mwombaji wa mkopo aseme kama ana mwenzi, na inaitaka benki ichukue hatua za kuridhisha kulithibitisha hilo. Lakini pia inaihesabu benki kuwa imetimiza wajibu wake pale mwombaji anapotoa kiapo au tamko la maandishi lililoshuhudiwa kuhusu hali yake ya ndoa. Anayetoa taarifa za uongo katika kiapo hicho ametenda kosa la jinai. Lakini kosa lake haliirudishi nyumba kwa familia moja kwa moja. Mwenzi anayedai hakujua atalazimika kuonyesha kwamba benki iliona, au ilipaswa kuona, kwamba kuna familia katika nyumba ile.

Kwa sababu hiyo, mwenzi ambaye jina lake halimo katika hati asisubiri mpaka deni liive. Sheria ya Usajili wa Ardhi inamruhusu mtu mwenye maslahi katika ardhi iliyosajiliwa kuweka zuio kwa Msajili wa Hati, ili hati isishughulikiwe bila yeye kujulishwa. Zuio lililowekwa mapema hutangulia mambo. Zuio lililowekwa baada ya rehani kusajiliwa huyafuata tu.

Tangazo na bei

Siku 60 zikipita bila suluhu, benki hutoa notisi ya kusudio la kuuza na kumpa dalali kazi. Kwa Sheria ya Madalali, mnada wa ardhi hauwezi kufanyika kabla ya siku 14 tangu kutolewa tangazo la wazi katika mji mkuu wa wilaya na mahali mnada utakapofanyikia. Sheria hiyo inataka tangazo liwe kwa Kiswahili pamoja na Kiingereza, na litolewe pia kwa njia ambayo hata asiyejua kusoma ataelewa. Tangazo la Kiingereza pekee, au la siku sita, au linalotaja namba ya kitalu bila kusema ni fleti ipi katika jengo lenye fleti 40, ni tangazo lenye kasoro. Lipige picha siku ulipoliona, pamoja na mahali lilipobandikwa.

Mpaka hapo bado nyumba ni yako. Kabla nyundo haijagonga unaweza kulipa deni na gharama zake, na mnada ukakoma. Nyundo ikishagonga, nafasi hiyo imefungwa.

Nije kwenye bei, ambapo sheria imempa mweka rehani silaha isiyojulikana sana. Kifungu cha 133 kinaiwajibisha benki, au yeyote anayeuza kwa niaba yake, kutafuta bei bora kadiri inavyowezekana kupatikana wakati wa mauzo. Fleti ikiuzwa kwa bei iliyo pungufu kwa asilimia 25 au zaidi ya wastani wa bei ya nyumba za namna hiyo katika soko huria, sheria inadhania kwamba wajibu huo umevunjwa, na mweka rehani anaweza kuiomba mahakama itangaze kuwa mauzo ni batili. Benki inaweza kuikanusha dhana hiyo kwa ushahidi, lakini mzigo wa kujieleza unakuwa juu yake.

Tuchukue mfano. Tuseme fleti kama yako zinauzwa kwa wastani wa shilingi milioni 120. Asilimia 25 ya kiasi hicho ni milioni 30. Basi ikiuzwa kwa milioni 90 au chini yake, dhana ya sheria inakuwa upande wako. Ikiuzwa kwa milioni 95 unaweza kuwa umepata hasara kubwa, lakini dhana hiyo huna, na itakubidi uthibitishe mwenyewe kwamba benki haikujitahidi.

Katika jambo hili mwenye fleti amebahatika kuliko mwenye nyumba ya kiwanja. Nyumba mbili za Mbezi zinaweza kutofautiana kwa ukubwa, barabara na mteremko, na mawakili wakabishana mwaka mzima kama zinalinganishwa. Lakini fleti ya vyumba vitatu ya ghorofa ya nne na ile ya ghorofa ya tano katika jengo moja ni karibu pacha. Jirani yako akiwa ameuza yake karibuni, mkataba wake wa mauziano ni ushahidi wa soko usio na mfano. Basi ongeeni ninyi kwa ninyi. Muombe mthamini aliyesajiliwa aithamini fleti yako kabla ya mnada, na ripoti hiyo ipelekwe benki kwa barua ili baadaye pasiwe na atakayesema hakujua thamani yake.

Fedha za mauzo zikipatikana, hulipa gharama za mauzo na deni la benki, na rehani nyingine kama ipo. Kinachobaki ni cha mweka rehani. Dai hesabu ya maandishi ya fedha zote, maana wapo waliopoteza nyumba kisha wakapoteza na chenji kwa kuwa hawakuuliza.

Mlango wa mahakama

Mwenye hoja ya kweli anaweza kufungua shauri na kuomba zuio la muda ili mnada usifanyike mpaka shauri lisikilizwe. Tangu kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe ya mwaka 1969, mahakama zetu zimekuwa zikipima maombi hayo kwa mambo matatu: kama kuna hoja nzito ya kuamuliwa na mwombaji ana matumaini ya kushinda, kama bila zuio atapata madhara ambayo fedha haziwezi kuyafidia, na kama usumbufu atakaoupata yeye akinyimwa zuio ni mkubwa kuliko ule wa upande wa pili likitolewa.

Hoja zinazobeba uzito ni zile nilizokwisha kuzitaja: hakuna notisi iliyotolewa au haikutimiza masharti, mwenzi hakuridhia, tangazo lina kasoro, deni limekwisha kulipwa, au sahihi ya rehani imeghushiwa. Hoja zisizobeba uzito ni biashara kwenda vibaya, ugonjwa, au kutokuelewana juu ya hesabu peke yake. Haya ni maumivu ya kweli, na benki yenye busara huyasikiliza katika mazungumzo, lakini mara nyingi hayatoshi kuusimamisha mnada. Mahakama pia hutazama mwenendo. Anayefika mbele ya jaji akiwa amekwisha kulipa sehemu asiyoibishania hutazamwa tofauti na aliyenyamaza miaka miwili akaja mbio siku ya mnada.

Zuio likitolewa, lisikulewe. Kanuni zinasema lisizidi miezi sita, na likiongezwa jumla isizidi mwaka mmoja. Limetolewa ili upate muda, basi utumie muda huo.

Mashauri ya kurejesha umiliki wa mali isiyohamishika yenye thamani isiyozidi shilingi milioni 300 yanaweza kupelekwa katika Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Yanayozidi hapo huenda Mahakama Kuu. Asiyeweza kumlipa wakili asikate tamaa. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 imeweka utaratibu wa watoa msaada waliosajiliwa, na ofisi za halmashauri zinaweza kukuelekeza waliko.

Ipo hali moja ya tahadhari. Badala ya kuuza, benki inaweza kukushtaki kwa utaratibu wa mashauri ya mkato. Katika mashauri ya rehani yanayofunguliwa kwa njia hiyo huna haki ya kujitetea mpaka mahakama ikupe ruhusa, na ruhusa hutolewa ukionyesha kwamba deni au sehemu inayodaiwa imekwisha kulipwa, au mkopo wenyewe haukuchukuliwa. Ukipata wito wa namna hiyo usiuweke kabatini. Muda ulioandikwa ndani yake ukipita, hukumu inaweza kutolewa bila wewe kusikilizwa.

Baada ya nyundo

Hapa ndipo haki hupungua. Kifungu cha 135 kinamlinda mnunuzi. Hana wajibu wa kuchunguza kama kweli ulishindwa kulipa, wala kama notisi ilikufikia. Hulindwa hata akiwa amesikia kwamba kulikuwa na kasoro, isipokuwa palipokuwa na ulaghai, udanganyifu au utovu mwingine wa uaminifu wa benki ambao yeye aliujua au alipaswa kuujua. Mweka rehani aliyeumizwa na mauzo yasiyo halali anabaki na haki ya kudai fidia kwa aliyeuza.

Sheria imefanya hivyo kwa sababu inayoeleweka. Kama kila mnada ungeweza kufutwa miaka mitano baadaye, hakuna ambaye angenunua kwa bei ya maana, na nyumba zenu zingeuzwa kwa bei ya kutupa. Lakini kwa familia iliyokwisha kutoka, fidia si nyumba. Ndiyo maana nasisitiza kwamba kasoro ya notisi idaiwe wakati wa notisi, kasoro ya tangazo wakati wa tangazo, na kasoro ya bei mara tu bei ijulikanapo, kabla jina la mnunuzi halijaingia katika daftari la Msajili.

Aliyenunua bila kupata hati pacha

Nawarudia sasa wale walionunua kwa mwendelezaji. Mwendelezaji hukopa ili ajenge, na mara nyingi huweka rehani ardhi na jengo zima. Wanunuzi hulipa, huhamia na kutundika mapazia. Mkopo wa mwendelezaji ukishindwa kulipwa, benki huuza kile kilichoandikwa katika hati moja ya jengo zima. Mnunuzi ambaye jina lake halimo kwa Msajili huanza kujieleza kwamba yeye ni nani.

Hana haki? Anazo, lakini ni dhaifu zaidi na zinahitaji kazi zaidi: kuonyesha kwamba benki ilijua fleti zinauzwa na ikaridhia, au ilipokea fedha za wanunuzi kupunguza deni, na kumdai mwendelezaji kwa kuvunja mkataba. Wanunuzi wa jengo moja wasihangaike mmoja mmoja. Wakiungana, wanaweza kuzungumza na benki kwa sauti moja, wakalipia wakili mmoja, na wakaonyesha kwa pamoja fedha zilikokwenda.

Kwa ambaye bado hajanunua, kinga ni rahisi kuliko tiba. Kabla ya kulipa, fanya upekuzi wa hati kwa Msajili wa Hati ujue kama kuna rehani. Ikiwepo, usitosheke na maneno ya mwendelezaji. Taka barua ya benki inayosema kwamba inaridhia mauzo ya fleti hiyo, na kwamba ukimaliza kulipa kiasi kilichotajwa kupitia akaunti iliyotajwa, fleti hiyo itaachiwa kutoka katika rehani. Mkataba utaje tarehe ya kukabidhiwa hati pacha. Ukishalipa sehemu kubwa na hati haijatoka, weka zuio kwa Msajili.

Mambo ya kufanya wiki hii

Ndugu zangu, benki si adui wa mwenye nyumba. Bila rehani wengi wetu tusingekuwa na fleti, na fedha zinazokopeshwa ni akiba za watu wengine kama sisi. Sheria haikukusudia kumlinda asiyetaka kulipa. Ilikusudia anayeshindwa kulipa apewe taarifa, apewe nafasi, na nyumba yake ikiuzwa iuzwe kwa haki.

Basi mkifika nyumbani, toeni mkataba wa mkopo mahali ulipo. Hakikisheni anwani iliyomo ni ya sasa. Wekeni stakabadhi zote katika jalada moja. Mwonyesheni mwenzi wenu wa ndoa nyaraka hizo, ajue nyumba iko wapi kisheria. Wenye mkataba wa mauziano bila hati pacha, nendeni kwa Msajili mfanye upekuzi. Na yeyote ambaye tayari ana notisi ndani ya droo, aitoe leo, aisome tarehe ya kupokea, na ahesabu siku zilizobaki.